Trekta Ilianza kwa Stanley

Mume wangu Javan alikinunua kile kitabu Rongo, kwenye meza ya mchuuzi aliyetandaza viatu vya mitumba upande mmoja na vitabu upande wa pili. Alikuwa ameniaga kwamba anakwenda kununua ndizi. Aliporudi hakuwa na ndizi, alikuwa na kitabu kinene cha Kiingereza kuhusu biashara na namna ya kuyageuza mashirika, jalada limetafunwa na panya. Nikamuuliza kama hicho ndicho tutakachopika jioni. Akaniambia, bila hata kutabasamu, kwamba kitabu kama hichohicho kilikuwa juu ya meza ya meneja wake mwezi ule walipompunguza kazini, miaka kadhaa nyuma.

Nikaenda kuchambua mboga.

Javan alikuwa mtunza stoo katika depo ya shirika moja mjini Migori. Mwaka wa tisini na tano mashirika yalikuwa yakipunguza watu kila mahali, na kila boma lilikuwa na mjomba au shemeji aliyerudi kijijini na godoro lake, kwa hiyo hakuwa peke yake. Wala hatukulala njaa, maana mimi ni mwalimu wa shule ya msingi, na mshahara wa mwalimu, ingawa unachekesha, hufika. Kilichomkaba kooni kilikuwa kitu kingine. Hakuna aliyemwambia kosa lake. Akiwa ananyoa ndevu, mara anasimama na wembe hewani: "Lakini niliwakosea nini, Irine?" Mimi ningejulia wapi? Nilimjibu kwamba bila shaka kulikuwa na mtu aliyemsema vibaya kwa meneja, kwa sababu niliona afadhali awe na adui kuliko awe na swali.

Basi hakukisoma kile kitabu ili atajirike. Alikisoma kama mtu anayesoma mashtaka yake mwenyewe, penseli mkononi, akitafuta mahali alipotajwa. Alikaa nacho barazani kila akitoka shambani, midomo ikimchezacheza. Mimi nikisahihisha madaftari ya watoto kando yake, namsikia akiguna, akipiga mstari, akirudi nyuma ukurasa mzima.

Tatizo ni kwamba huwezi kukaa na kitabu muda wote huo kisianze kusema kwa mdomo wako. Ilipofika Krismasi, Javan alikuwa akisimama mlangoni mwa jiko langu na kuniuliza kwa nini maji yanaingia ndani kisha yanatoka tena kabla hayajatumika. Nilimwonyesha mwiko. Alikwenda zake, lakini sikupenda alivyokwenda, kwa sababu alikuwa bado anafikiria yale maji.

Sisi tunaishi nje kidogo ya Magunga, upande unaotazama uzio wa mbuga ya Ruma. Kijiji chetu ni cha ukoo mmoja, wajukuu wa babu mmoja na wake zao, na mashamba yetu yamejipanga kuanzia barabarani hadi chini ya kilima. Ukoo ulikuwa umechanga na kununua trekta kuukuu. Kwa kuwa fedha alizoondoka nazo Javan Migori ndizo zilizokamilisha mchango, na kwa kuwa alikuwa mtu wa ofisi, wakampa usimamizi. Dereva tulimtoa Ukuria, kijana aitwaye Mniko, mpole, ambaye hakujua Kijaluo, na kwa hiyo sote tulisema naye Kiswahili, kila mtu na chake.

Kila msimu trekta ile ilianza kulima mbali kabisa, chini ya kilima, kwa Mama Marcella. Huyu alikuwa mjane wa kaka mkubwa wa baba yake Javan, mke wa kwanza wa boma la kwanza, na kwetu hiyo si heshima ya mdomo tu. Mbegu haziingii ardhini kijijini kote mpaka yeye azitangulie. Tunaita golo kodhi, kuifungua mbegu. Akishapanda yeye, anafuata mke wa boma la pili kwa ukubwa, halafu la tatu, mpaka inatufikia sisi tulioolewa juzi. Anayeruka zamu anajitafutia chira, ile laana inayomkondesha mtu na kumaliza watoto nyumbani. Na miaka hiyo, watu walipokuwa wakikonda na kuzikwa kila Jumamosi kuanzia Kisegi hadi Homa Bay, hakuna aliyetaka kuijaribu.

Kwa hiyo trekta ilitoka barabarani, ikapita mashamba yote, ikalima kwa Mama Marcella, ikarudi juu kwa boma la pili, ikashuka tena kwa la tatu. Javan alilitazama jambo hili kwa jicho la kitabu na akaumia rohoni. Dizeli ilikuwa ikiungua bure njiani. Kitabu, alinisomea, kilisema kwamba safari yoyote isiyomwongezea mteja kitu ni mzigo, na kwamba meneja asiyeweza kuutua mzigo atazama nao. Akachora mashamba kwenye karatasi na mstari mmoja ulionyooka: anza kwa Stanley, aliye karibu na barabara, teremka, maliza kwa Mama Marcella.

"Na golo kodhi?" nikamuuliza.

"Sijaigusa," akasema. "Nimegusa trekta tu. Mvua ikinyesha Mama atachukua jembe, atafukia punje mbili tatu nyuma ya nyumba yake, na watu wataendelea. Kulima ni kulima, kupanda ni kupanda."

Nakiri maneno hayo yalikuwa na akili. Hata mimi niliyekuwa nikikichukia kile kitabu sikuona tundu ndani yake.

Akaita mkutano wa kamati. Walikuja wanaume sita wenye makoti, wakakaa kwetu, wakanywa chai yangu. Javan aliwaeleza vizuri, pole pole, akiwaonyesha ule mstari. Wote wakaitikia kwa kichwa. Stanley, binamu yake, ambaye ni mzee wa kanisa na mtu wa sauti nzito, alisema huu ni wakati wa mambo mapya. Hakuna aliyepinga. Mimi niliyekuwa nikimimina chai niliona kwamba hakuna aliyeuliza swali pia, na kwetu watu wakikubali jambo kweli huwa wanaligombania kwanza. Mama Marcella hakuwa mjumbe wa kamati, kwa hiyo hakuitwa.

Trekta ilianza kwa Stanley. Ilifanya kazi ambayo hatujawahi kuiona, ikateremka shamba kwa shamba, na Javan akawa mtu niliyeolewa naye tena. Alitembea nyuma ya plau akipiga mluzi. Usiku hakuuliza tena aliwakosea nini. Nilianza kufikiri kwamba labda nimekionea kitabu cha watu.

Halafu mvua ikanyesha, mvua nzuri ya Machi, iliyoloweka udongo wote uliofunguliwa. Asubuhi yake nilifunga kitenge kiunoni na kusubiri, kama wanawake wote walivyosubiri, tusikie kwamba Mama amepanda. Hatukusikia. Kesho yake pia hatukusikia. Ng'ambo ya kilima, ukoo mwingine ambao hulima kwa ng'ombe ulikuwa umeshapanda na kwenda kupumzika, na sisi wenye trekta tulikaa barazani tukitazama magugu yakiota kwenye mashamba yetu.

Javan alitembea boma kwa boma. Stanley alimpokea kwa furaha na kumpa kiti.

"Mimi nimeokoka, omera, ndugu yangu," alisema. "Mambo ya chira nilishayatupa. Lakini unajua mke wangu."

Mkewe, Phelesia, akasema kutoka jikoni, "Mimi sina neno. Ni mama mkwe ndiye atasumbuka moyo."

Mama mkwe wa Phelesia alisema yeye amezeeka na haogopi kufa, anawafikiria wajukuu. Ilikuwa hivyo kila mahali alipokwenda. Hakuna aliyeamini chira, na kila mmoja alikuwa na mtu mwingine nyumbani aliyeiamini. Walimwambia wote kwa adabu kwamba watapanda.

Ndipo akamwita Mniko, aliyekuwa amemaliza kulima hata kwa Mama Marcella.

"Uliongea na Mama ulipofika kule?"

"Nilimwambia tu vile uliniambia, mzee," Mniko alisema. "Hiyo siku ya kuanza alikuja mpaka kwa njia, anangoja trekta na uji amenipikia. Nikamwambia, Mama, saa hii wewe ni wa mwisho, ni mpango wa ofisi. Akauliza ofisi iko wapi. Nikamwambia sijui, iko kwa kitabu."

"Akasema nini?"

"Alinipatia uji. Akarudi kwake."

Javan akavaa viatu vyake vya kazini, akaniambia nimsindikize, na kwa sababu ambayo hata yeye hakuijua alikibeba kitabu.

Tulimkuta Mama Marcella mlangoni pake akibambua njugu. Shamba lake jeusi lilikuwa nyuma yake, limelimwa vizuri, halina hata punje. Alitukaribisha, akaulizia wanafunzi wangu, akaulizia mgongo wa Javan. Mwanawe Walter, aliyekuwa akifanya kazi Homa Bay, alikuwa amemletea blanketi na tukaonyeshwa blanketi. Javan alishindwa kuvumilia.

"Mama, mvua itatupita. Watu wanakungoja wewe."

"Wananingoja mimi?" Mama alisema. "Si trekta ilianza kwa Stanley? Basi Stanley apande."

"Mama, Stanley hawezi."

"Kwa nini hawezi? Hamkumpa zamu?"

Javan akaanza kueleza: dizeli, umbali, mstari ulionyooka, kwamba kupanda ni kitu kingine kabisa na hakuna aliyekigusa. Alieleza vizuri kama alivyowaeleza wale wanaume wenye makoti. Mama aliendelea na njugu zake hadi Javan akamaliza.

"Ndicho hicho kitabu?"

"Ndicho."

"Nisomee. Mahali panaponihusu."

Nilitazama pembeni maana nilijua hakuna mahali kama hapo. Javan naye alijua. Lakini huwezi kumkatalia mama mkubwa wako, kwa hiyo alikifungua penye mistari yake ya penseli, akaanza kusoma Kiingereza na kukigeuza Kijaluo sentensi kwa sentensi. Ilikuwa kazi ngumu. Maneno yaliyokuwa yakimtoka barazani kwetu kama maji, hapa yalimkwama. Kule walikoandika ufanisi alisema kumaliza kazi bila kutoka jasho la bure. Kule walikoandika muundo alitafuta sana, mwisho akasema namna watu walivyokaa. Mama alisikiliza bila kumkatiza, akiwa na ile subira anayowapa wahubiri.

Akafika penye sura ya watu wanaopinga mabadiliko. Kitabu kiliwaeleza kwa kirefu. Wana hofu, kilisema. Wamezoea. Wanalinda vyeo vyao vidogo. Meneja awasikilize kwa upole, na wasiposikia, aendelee bila wao.

"Huyo ni nani?" Mama aliuliza.

"Nani, Mama?"

"Huyo anayepinga."

Javan alifunua ukurasa uliofuata.

"Kama wanasema mimi, wamekosea," Mama alisema. "Mimi sijapinga. Kijana wa trekta alinieleza kwamba sasa ni Stanley, nikasema sawa. Nimekaa hapa namngoja Stanley apande, kisha wengine, na zamu ikinifikia mimi nitapanda. Mimi nimekubali, Javan. Katika kijiji hiki ni mimi peke yangu niliyekubali."

Hakusema kwa kejeli. Ningependa ingekuwa kejeli, kwa sababu ningejua namna ya kuijibu. Alikuwa mwanamke mzee aliyesimama njiani na kibuyu cha uji, akaambiwa mahali pake si pake tena, na akarudi nyumbani kujifunza kuishi hivyo. Nilimhurumia hadi nikamkasirikia mume wangu waziwazi, na nadhani aliiona hasira yangu.

Javan alikiweka kitabu sakafuni. Alikaa amejishika magoti.

"Mama," akasema mwisho, "nilipanga njia ya trekta. Wewe sikukuwaza."

"Najua."

"Sikusema huyu mama amezeeka, tumwondoe. Wallahi, Mama, halikunipitia hata kichwani."

"Najua, nyathina, mwanangu. Ungeniwaza ungekuja. Hata kama ungekuja kuniambia hapana, ungekuja." Alipepeta njugu kwenye ungo, maganda yakaruka. "Niulize sasa."

"Nikuulize nini?"

"Ulichotaka kuniuliza kabla trekta haijaanza."

Basi Javan, mtu mzima mwenye watoto, akamuuliza mama yake mkubwa kama trekta inaweza kuanzia kwa Stanley kwa sababu dizeli ni ghali. Aliuliza kama mtoto anayeomba ruhusa ya kwenda ziwani. Mama Marcella akafikiri. Akauliza dizeli ni ghali kiasi gani na aliposikia akashtuka kweli. Akauliza kwa nini wasianzie kwa Nyarangi, ambaye shamba lake hushika maji na likichelewa halilimiki, na Javan akanitazama kwa sababu hilo hakulichora kwenye karatasi yake. Walibishana. Ulikuwa ubishi hasa, wa vidole na michoro ya vijiti mavumbini, na safari hii nilijua kwamba kuna jambo linakubaliwa.

"Trekta ianze popote itakapofaa," Mama akasema baadaye. "Ila siku ya kuanza ipite hapa kwanza, au dereva aje kwa miguu, mimi nimwambie nenda. Nikishamtuma mimi, hajaniruka."

"Na mwaka huu?"

"Mwaka huu mmeshaharibu." Alisimama akajikung'uta. "Kesho nitapanda. Mwambie mkeo huyu asiendelee kukutazama hivyo, atakuunguza."

Kesho yake, jua halijapata makali, tulisikia sauti za wanawake zikipanda kutoka chini ya kilima, boma hadi boma, kwamba Mama amefungua mbegu. Kijiji kizima kikamwagika mashambani. Mama wa boma la pili alipanda huku akikimbia, na Phelesia, ambaye hakuwa na neno, alikuwa amesimama mpakani na mbegu kwenye sufuria kabla zamu yake haijakaribia. Sitasema tulivuna vizuri. Udongo wa juu kwa Stanley ulikuwa umeshaganda na mahindi yake yalitoka kwa mabaka, na sisi tulipalilia mara mbili kabla ya wakati. Lakini tulipanda.

Zamu yetu ilifika mchana. Javan alitangulia na jembe akichimba mashimo, mimi nikifuata nikidondosha mbegu na kufukia kwa mguu. Nilidhani anahesabu hasara, nikaamua kumwacha kwanza, nimsute baadaye.

Katikati ya mstari akasimama.

"Yule meneja wa Migori," akasema, bila kugeuka. "Siku ya kurudisha funguo. Nilimpa, akachukua kalamu aandike kwamba amezipokea. Kisha akaniuliza jina langu nani."

Nilisimama na mbegu mkononi. Jambo hilo hakuwa ameniambia. Alikuwa amefanya kazi chini ya mtu yule tangu mtoto wetu wa kwanza hajazaliwa.

"Nilifikiri alikuwa ananidharau," Javan akasema. "Miaka hii yote nimetafuta nilimfanyia nini mpaka anidharau vile. Nimekipekua kitabu chote. Lakini Mama hakunikosea kitu, Irine. Simchukii Mama. Nampenda. Na bado nilichora ule mstari wangu, na yeye hakuwamo." Alifuta uso kwa mkono wenye udongo. "Hawakuwa na neno na mimi. Nadhani hakuna hata mmoja aliyenifikiria."

Nilikuwa nimempa maadui wengi, mmoja baada ya mwingine, wenye majina na sababu. Nilitafuta mmoja zaidi wa kumpa pale shambani na sikumpata. Nilitaka kumwambia kwamba mimi humfikiria, lakini alilijua hilo, na halikuwa ndilo alilokuwa akililia. Kwa hiyo nikasogea, nikaweka mkono wangu mgongoni pake, penye jasho, tukakaa hivyo kidogo. Kisha akainua jembe akachimba shimo linalofuata, nami nikadondosha mbegu mbili.